Mshenga wa Mwaka wa Mfereji

Niliondoka Mbeya kwenda Kilolo kwa sababu mzee mmoja alisikiliza redio. Msicheke. Mdogo wangu Daudi alikuwa amemposa Anjela, binti wa Mzee Luvanda wa huko milimani Kilolo. Posa ilikuwa imepokelewa, ng'ombe wamekubaliwa, na ndoa ilikuwa inangoja mavuno ya mpunga tu. Mara akapita Mbeya mchuuzi wa ng'ombe na salamu za mdomo: "Mzee amesitisha. Anasema ameyasikia ya Misri, hawezi kumpeleka mtoto kwa jirani aliyewahi kupigana naye." Basi. Vita viko Misri, harusi inavunjika kwetu Rujewa. Nilitupa mkasi chini kwa hasira. Kisha nikauokota, nikafunga safari, maana kaka mkubwa ni mimi na mdomo wa kusema ninao.

Sisi ni Wasangu na wao ni Wahehe. Zamani, kabla Mjerumani hajatia mguu, babu zetu walichomeana vijiji na kunyang'anyana ng'ombe mpaka watu wakahama nchi. Mambo yakaisha, tukawa watani. Siku hizi Mhehe akinikuta msibani ananiambia nimenenepa kwa maziwa ya ng'ombe wa babu yake, nami namwambia aje awachukue kama anajua kuogelea mto Ruaha. Tunacheka, tunakula. Kwa hiyo kusikia kwamba mzee mzima amefukua vita vya babu zetu kwa ajili ya habari za redio kulinichoma kweli.

Mbeya wakati ule nilikuwa nashona kwenye baraza ya duka la nguo la Bwana Popat, karibu na soko. Bwana Popat alikuwa na redio kubwa ya betri, na mchana watu walijaa barazani kusikiliza. Kwa wale waliokuwa wadogo, habari ilikuwa hivi. Israeli na Misri ni nchi jirani. Walipigana, wakaandikiana kusimamisha vita, halafu wakaanza tena. Mwingereza na Mfaransa wakaingia na ndege zao, wakisema wamekuja kuwatenganisha na kuulinda mfereji wa Misri. Mmarekani, rafiki yao mkubwa, akawageuka. Mrusi akatishia. Ulaya nzima ikawa roho juu, wakubwa wakawa hawaaminiani, na yule mkubwa wa Uingereza aliyeanzisha shughuli hiyo akaishia kuacha kazi akisema anaumwa. Redio ya London ilisema lake kwa Kiswahili, redio ya Kairo ikasema lake, pia kwa Kiswahili. Ungesikiliza zote mbili ungedhani ni vita viwili.

Bwana Popat alilalamika kutwa. Majora yake ya vitambaa kutoka Ulaya yalikuwa hayafiki, meli zote zinazunguka Afrika nzima kwa sababu ya vita. Mimi habari ya meli sikuijali sana. Habari ya mfereji ndiyo niliyoishika, tena sikuhitaji kuelezwa na mtu. Nimezaliwa Usangu, nimelelewa na mfereji. Nikawa nawaeleza wenzangu pale barazani, na hakuna aliyenibishia.

Rujewa nilifika adhuhuri. Mvua zilikuwa zimeshika na mashamba yamejaa maji. Watu wameinama wanapandikiza mpunga, migongo tu inaonekana. Mama alinipokea mzigo bila kunitazama usoni. Mjomba, ambaye miaka yote ndiye anayepanga zamu za maji, alikuwa amekaa kwenye tuta ananisubiri kwa ajili ya habari za dunia.

"Huko Misri nani yuko juu?" akaniuliza hata kabla ya salamu kwisha.

"Juu ya nini, mjomba?"

"Juu ya mfereji. Aliye juu ndiye mwenye makosa siku zote."

Nikamwambia nadhani ni Mmisri, kwa maana redio inasema yeye ndiye aliyeushika. Mjomba akatikisa kichwa kwa masikitiko. "Wawawekee zamu. Asubuhi huyu, jioni huyu. Ndege za nini?" Nilimkubalia kabisa.

Daudi hakutaka maneno ya Misri. Alikuwa amekonda. Mguu wake, ule uliovunjika alipoanguka kwenye lori, ulikuwa umepona vizuri, na aliyemfunga ule mguu hospitali ya misheni Tosamaganga ndiye huyo Anjela, ndiko walikojuana. Akanivuta pembeni ya ghala. "Kaka, ukirudi na jibu baya mimi naenda migodini kusini. Siwezi kukaa hapa nikisikia ameolewa na mwingine."

Mama alikuwa amesimama nyuma yetu na ungo wa mchele mkononi, amesikia. Ndugu yetu wa katikati alikwenda migodini na hajarudi, wala salamu. Mama hakulia. Alinifungia mchele wa zawadi, akaufunga tena, akaufungua, akaufunga. "Wewe unajua kusema," akaniambia. "Nenda kaseme."

Kutoka Igawa, kwenye barabara kuu, nilipanda lori la mizigo lililobeba magunia ya mchele, na sisi abiria juu ya magunia. Makambako ilitupokea kwa ukungu na baridi ya kukata masikio, mimi nimevaa shati la Rujewa. Mbele kidogo lori likazama kwenye tope mpaka ekseli. Tulishuka wote, tukasukuma, tukateleza, mama mmoja wa Kibena akatupigia wimbo wa kutuhimiza huku yeye amekaa juu na mtoto wake amefunikwa vizuri. Nikamwuliza dereva kwa nini anaendesha na matairi yaliyokwisha meno kama bibi.

"Mapya yapo baharini, fundi," akasema. "Yanazunguka Afrika nzima kututafuta. Ni vita ile ile."

Kila nilikokwenda vita ile ilikuwa imetangulia.

Iringa mjini nililala kwa fundi mwenzangu Salehe, Mwislamu mpole tuliyejifunza naye kazi. Asubuhi nilimkuta dukani mwake katika shughuli ya ajabu. Ndani alikuwa amekaa mlowezi mmoja wa Kiingereza akingoja koti. Nje, barabarani, kwenye manyunyu, alikuwa amesimama Mgiriki mkulima wa tumbaku, watu wakimwita Bwana Niko, amekuja kupimwa suruali. Salehe alikuwa anatoka na utepe, anampima Niko kiuno pale pale njiani mbele ya wapita njia, anarudi ndani.

"Karibu ndani, Bwana Niko, unalowa," nikamwambia.

"Mimi hapana ingia. Yule iko ndani," akasema, kwa Kiswahili chao cha shambani. "Kisiwa ya ndugu yangu, Kupro, yeye nafanya uwanja ya ndege ya vita. Ndugu yangu nataka uhuru, yeye nafunga. Halafu mimi nasalimia? Hapana."

Ndani Mwingereza naye alikuwa amevimba. "Mwambie," akamwambia Salehe, "kwamba tulikwenda kuzuia vita, si kupigana." Salehe akatoka na utepe, akalisema hilo taratibu huku anapima urefu wa mguu. Niko akajibu neno la Kigiriki. Salehe akarudi ndani akasema Bwana Niko anakusalimu.

Walipoondoka, kila mmoja na upande wake wa barabara, Salehe alicheka mpaka akakaa. Wazungu hao wawili ni majirani. Kwa miaka walikuwa wanatumia banda moja la kukaushia tumbaku na kucheza karata kila Jumamosi. Sasa hata kilabuni kwao hawakai meza moja. Waingereza wenyewe wamegawanyika, wengine wanasema ilikuwa haki, wengine wanasema ni aibu, na mmisionari wa Kimarekani akipita wote wanamnunia. Nilicheka na mimi. Lakini nilipokaa peke yangu na uji wangu furaha ikapungua. Kama watu wanaokula meza moja wanaweza kuachana kwa vita ya mbali namna ile, mimi nitamwambia nini Mzee Luvanda?

Njia ya Kilolo niliipanda kwa miguu baada ya gari la misheni kunishusha panapoishia barabara nzuri. Ni kupanda tu, unapanda mpaka unajiuliza kama watu wa huko wanakaa mbinguni. Mianzi pande zote, na kila mwanzi umekatwa kichwa na kufungiwa kikombe cha kukinga ulanzi, pombe ya mianzi, maana ulikuwa ndio msimu wake. Akinamama walionipita na mizigo kichwani walinisalimu "Kamwene", nami nikaitika, wakasikia lafudhi yangu, wakaanza. "Msangu kapanda mlima! Mpisheni, asije akazama kwenye nchi kavu." Nilijua niko kwa watani, na moyo ukatulia kidogo.

Kwa Mzee Luvanda palikuwa na nyumba ndefu ya udongo, na moto umewashwa ingawa ulikuwa mchana. Mzee mwenyewe alikuwa mrefu, mkavu, amevaa koti la jeshi lililofifia, kwani katika vita vya Hitla alikuwa askari. Mkewe alinipa kigoda na kikombe cha ulanzi. Anjela alikuwapo, amekuja mapumziko kutoka Tosamaganga. Akanisalimu kwa kupiga goti, akakaa karibu na mama yake, macho yake yako mlangoni kana kwamba Daudi yuko nyuma yangu. Nilitoa mchele. Mzee aliupokea kwa mikono miwili, akashukuru, akauweka kando. Kisha akanitazama.

"Wewe ndiye mpatanishi?"

"Ndiye mimi, baba."

"Vizuri. Mwingereza na Mfaransa nao walisema wamekuja kupatanisha. Kumbe walishakubaliana na upande mmoja chini kwa chini kabla risasi ya kwanza haijalia. Siku hizi wanasemana wenyewe huko kwao. Wewe ni kaka wa bwana harusi, halafu unajiita mshenga. Umekubaliana na nani chini kwa chini?"

Nilikohoa. Ni kweli kwamba mshenga hatakiwi awe ndugu wa tumbo moja, lakini nani angekuja? Mzee akaendelea, pole pole, bila ukali. Alisema babu yake alizaliwa porini kwa sababu nyumba ilikuwa imechomwa na watu wetu. Alisema alidhani yale yamekwisha, mpaka aliposikia kwamba majirani wanaweza kusimamisha vita kwa maandishi, wakanywa maji, wakaanza tena, na wakubwa wa dunia wakaja kuchochea kwa jina la kuamua. "Mtoto wangu nikimshusha Usangu, siku mkigombana, nani atakaa katikati? Wewe?"

Hapo nilikasirika. Nilimwona Mama na ungo wake. Nikasema, kwa sauti kubwa kuliko adabu: "Baba, vita ile usiifananishe na sisi. Ile ni ya mfereji, na mambo ya mfereji nayajua. Mmisri yuko juu, amefunga maji. Walioko chini mpunga umekauka. Mwingereza naye ana mashamba huko chini, ndiyo maana ameumia. Wangeweka zamu, yangekwisha."

Mzee akainamisha kichwa. "Mpunga wa nani?"

"Wa Mwingereza. Na wa Mfaransa."

"Sawa. Na Mmisri ameufungaje huo mfereji?"

"Kwa vyombo," nikasema bila wasiwasi. "Redio imesema wazi, Wamisri wamezamisha vyombo mferejini ili kuuziba. Masufuria, mitungi, vyungu. Hata kwetu akinamama wakioshea vyombo mferejini tunawafokea, sufuria moja tu ikinasa mlangoni maji hayapiti. Sembuse wakizamisha kwa makusudi."

Mzee Luvanda aliinua kichwa, akanitazama. Midomo yake ilianza kutetemeka. Nilidhani anashikwa na homa. Kisha akatoa sauti ambayo sijapata kuisikia kwa mtu mzima, akajipiga paja, akaangukia upande wa mkewe, machozi yanamtoka. "Masufuria," akasema. Akajaribu kukaa, akashindwa. "Mama Anjela, Mwingereza ameshindwa na masufuria."

Alipopata pumzi alinieleza. Wakati wa vita vya Hitla meli iliyomchukua yeye na wenzake ilipita ndani ya mfereji huo huo. Ni maji ya chumvi, akasema, upana wake hutupi jiwe likavuka, jangwa huku na huku, hakuna hata unyasi mmoja wa mpunga, na ngamia wamesimama wanatazama meli zinavyopita. Vyombo vilivyozamishwa ni meli. Vyombo vya baharini. Na mafuta ya Ulaya yanapita humo, ndiyo maana wakubwa walipagawa. Bila mafuta hayo magari yao na viwanda vyao vinasimama.

Nilitamani ardhi ipasuke. Nilimkumbuka kila mtu niliyemweleza barazani kwa Bwana Popat. Anjela alikuwa ameziba uso kwa kanga, mabega yanacheza. Lakini mzee hakuwa ananicheka kwa dharau. Alinimiminia ulanzi kwa mkono wake mwenyewe.

"Sikiliza, mnyalukolo," akasema, na hilo ni neno lao la kumwita mtu wa ukoo, sikulitegemea. "Nilikuogopa. Nilisema huyu fundi wa mjini, ana maneno, amekuja na hila zake kama wale. Lakini mtu mwenye hila hawezi kuzamisha sufuria Misri. Wewe huna pa kuficha kitu."

Sikujua nishukuru au nikasirike. Nikashukuru.

"Lakini swali langu lipo pale pale. Nani atakaa katikati?" Akanyoosha kidole kwenye moto. "Vita ile haikutulizwa na wenye ndege. Wenye ndege walifukuzwa kwa aibu, na rafiki zao wenyewe. Walioletwa kukaa katikati ni askari wa nchi ndogo ndogo, wamevaa kofia za buluu, hawana wanachokitaka pale, na kila upande unawasema vibaya. Hao ndio wapatanishi. Ukitaka kuwa mshenga wangu, acha leo kuwa kaka wa Daudi. Kwa habari ya ndoa hii wewe si Msangu wala Mhehe. Wakigombana utaitwa, utakuja mwenyewe, hutatuma mtu. Na pande zote mbili zitakutukana, na hutajibu. Unaweza?"

Mimi kutojibu. Wanaonijua wataelewa nilichoombwa. Nikasema naweza.

"Na mimi je?" Ilikuwa sauti ya Anjela. Alikuwa ameondoa kanga usoni. "Mmekaa mnagombana juu yangu kama mimi ndio huo mfereji. Mfereji wenyewe haujaulizwa bado."

Mama yake akashika kinywa. Mzee akamtazama binti yake, na nikaona kwamba anampenda kuliko anavyomwogopea. "Haya, mfereji. Sema."

"Nataka kwenda Rujewa, baba. Mguu wa yule mtu niliufunga mimi. Najua ulivyoungana."

Mzee aliweka kuni motoni, akakaa vizuri. "Waambie baada ya mavuno, kama tulivyosema," akaniambia. Nilitaka kumkumbatia, nikakumbuka kwamba sasa sina upande, nikanywa ulanzi.

Kurudi, milima ile ile niliiteremka nikipiga mluzi. Iringa nilimsimulia Salehe habari ya masufuria, kosa kubwa, maana nilipofika Makambako dereva wa lori alikuwa ameshaisikia, sijui kwa njia gani. Rujewa Mama aliniona kwa mbali nikirukaruka kwenye matuta, akajua kwa mwendo wangu tu. Alikaa chini palepale kwenye tope na kulia, sasa ndiyo akalia. Daudi alinibeba mgongoni kwa ule mguu wake. Mjomba nilimweleza kwamba mfereji wa Misri ni wa meli. Akafikiri. "Hata meli ziwekewe zamu," akasema, akaenda zake shambani.

Harusi ilifungwa Tosamaganga baada ya mavuno. Sijapata kutukanwa kiasi kile maishani mwangu. Wahehe waliniita Bwana Sufuria na wakanipa chakula changu kwenye kifuniko cha sufuria. Wasangu wenzangu walisema nimenunuliwa kwa ulanzi, hata ninavyotembea sasa ni kama mtu wa milimani. Shangazi yangu mwenyewe, aliyenilea, aliniambia nihamie huko huko. Sikujibu. Kuna wakati ulimi uliniwasha mpaka nikaung'ata, na Mzee Luvanda alikuwa mbali ananitazama, anafurahi.

Mambo ya wakubwa wa Ulaya siyajui, na mmeona ninavyoyaelewa. Nilichojifunza kwenye safari ile ni kidogo, na nilikijua vizuri zaidi msimu uliofuata nilipoitwa Rujewa. Anjela na Daudi walikuwa hawasemeshani. Sababu ilikuwa ndogo, lakini Daudi alikuwa ametaja tena migodi ya kusini, na Anjela alikuwa amefunga sanduku. Niliacha cherehani nikaja. Nikaweka kigoda katikati. Daudi akaniambia mimi si kaka tena, nimegeuka Mhehe. Anjela akaniambia nilimdanganya baba yake kwamba Wasangu ni watu. Nilinyamaza. Daudi akasema hata vita ya Misri sikuielewa, nitaielewa nyumba yake? Anjela akasema, ni kweli, shemeji, na lile koti ulilomshonea baba lina mkono mmoja mrefu. Daudi akasema, na suruali yangu je, hebu mwambie. Anjela akamwambia asimame aioneshe. Daudi akasimama, akageuka, wote wawili wakaikagua suruali niliyoishona kwa mikono yangu, wakanisema, mmoja akianza na mwingine akimalizia, mpaka wakaanza kucheka. Nilichukua kofia yangu nikatoka taratibu. Nilikuwa nimefika mbali kwenye tuta na bado nawasikia wananisema, kwa sauti moja.